Jina la Kwenye Beji

Siku ya saba tangu mtoto azaliwe, bado alikuwa hana jina. Nyumba yenyewe ilikuwa ya vyumba viwili, lakini kelele za asubuhi hiyo zingetosha ukumbi wa harusi. Mtoto analia, birika linachemka, redio ya jirani inasikika ukutani kana kwamba imewekwa humu ndani, na Kamusi anatembea kutoka mlangoni hadi dirishani, kutoka dirishani hadi mlangoni, daftari mkononi na kalamu sikioni.

Kamusi hakuzaliwa akiitwa hivyo, watu walimbandika tu. Alikuwa mpiga chapa, upande wa kadi za harusi, na kila mteja aliyeleta kazi alikutana na swali moja kabla hajaulizwa rangi ya karatasi: jina lako limetoka lugha gani, na maana yake nini? Wengine walicheka, wengine walikuna vichwa, wengine walienda kuuliza kwao wakarudi na hadithi ndefu kuliko kadi yenyewe. Yote aliyaandika. Daftari hili lilikuwa la nne. Kwa hiyo mkewe alipojifungua binti, kila mtu alidhani jina litapatikana kabla mtoto hajakauka nywele. Wapi! Mtu mwenye majina elfu mbili ndiye anayeshindwa kuchagua moja.

"Lile la juzi lilikuwa zuri," mkewe alisema kitandani, mtoto akiwa kifuani. Alikuwa msusi, na hata sasa vidole vyake havikutulia, vilikuwa vinachezea nywele chache za mtoto.

"La juzi maana yake 'aliyekuja na mvua'. Huyu kaja jua likiwa la utosi. Tuanze kumdanganya mapema hivi?"

"Na lile la Jumapili?"

"Hilo kwa lugha moja ni 'malkia'. Kwa lugha nyingine, watu wa milimani, ni 'kibuyu kilichopasuka'. Akikutana nao je?"

Bibi wa mtoto, mama mzazi wa mke wa Kamusi, alicheka peke yake mezani. Alikuwa anapiga pasi nepi. Watu wengi hawapigi nepi pasi, lakini yeye alikuwa mkuu wa dobi katika hoteli kubwa ya mjini, miaka thelathini na mmoja anapiga pasi mashuka ya wageni, na nguo yenye mikunjo ilimkera rohoni. Alikuwa ameomba likizo ya wiki mbili aje kumlea mzazi. Tangu afike, hata vitambaa vya jikoni vilisimama wima.

"Mimi nilishasema siku ile ile," mkewe Kamusi aliendelea. "Mtoto wangu wa kwanza wa kike ataitwa jina la mama yangu. Basi."

"Na mimi sijakataa, mke wangu! Nilisema nipe nafasi nijue maana. Siwezi kumwandika mwanangu kitu nisichokijua. Lakini leo mwisho saa sita mchana, kwa hiyo maana ije, isije, nakwenda kuandikisha."

Hilo la saa sita halikuwa mzaha. Hospitali alikozaliwa mtoto ilikuwa na dirisha la kuandikisha vizazi, na karani alipokea fomu kwa siku saba tu. Siku ya saba adhuhuri kitabu kilifungwa, kikapelekwa mjini, na mzazi aliyechelewa alianza safari ya hati za kiapo na njoo kesho. Mtaani kwao kulikuwa na mtoto wa miaka minne ambaye serikali haikuwa na habari naye mpaka leo.

Simu ya Kamusi ililia juu ya meza. Alisoma ujumbe, akausoma tena, kisha akaruka mpaka mtoto akaacha kulia kwa mshangao.

"Lulu! Mama, ni lulu! Yule mteja wangu, mzee anayesoma lugha za watu wa mbali, kanijibu. Jina lako asili yake huko kwa wazungu wa kale, limepita lugha tatu, limevuka bahari, na kote linakopita maana yake ni moja. Lulu!" Alimkamata mkwewe mikono yote miwili, pasi ikiwa bado inafuka mvuke. "Miaka yote hii tunaishi na lulu, tunaipigisha nepi pasi!"

"Mama yangu!" binti yake alipiga kigelegele kutoka kitandani, akajishika tumbo kwa maumivu, akapiga kingine. "Umesikia, mwanangu? Wewe ni lulu, bibi yako ni lulu."

Bibi alitabasamu. Tabasamu hilo alilijua vizuri, ndilo alilowapa wageni wa hoteli kwenye korido.

"Nani alikupa jina hili, Mama?" Kamusi alikuwa tayari anaandika. "Maana kwenu, kwa lugha yenu, halipo kabisa. Mmisionari? Jirani? Daktari?"

"Nilipewa tu, Baba."

"Na nani?"

"Zamani hiyo. Saa nne hii, nenda, utakuta foleni."

Kamusi alimbusu mtoto, akambusu mkewe, nusura ambusu na mkwewe, akatoka mbio na fomu ndani ya daftari. Simu aliisahau juu ya meza, karibu na pasi.

*

Chumba kilitulia. Binti alianza kumwita mtoto kwa jina lile. Aliliita kwa sauti ya chini, kisha kwa kuimba, kisha kwa sauti ya kujifanya anamgombeza, akicheka mwenyewe.

"Unajua, Mama, tangu utotoni nilikuwa nalitamani jina lako? Mama haitwi kwa jina. Nilikuwa nalisoma kwenye beji yako ukirudi kazini, nalitaja kimoyomoyo. Sasa nitaliita kutwa, na hakuna wa kuniambia sina adabu."

Bibi alichomoa pasi. Siku sita alikuwa amejituliza kwamba Kamusi atapata jina jingine, kwamba mtu mwenye majina elfu mbili hawezi kukosa. Sasa Kamusi yuko njiani, na fomu iko ndani ya daftari.

"Lile si jina langu," alisema.

"Nini?"

"La kwenye beji. Si langu. Nililikuta."

Binti alicheka kwanza, akidhani ni utani. Alipoona mama yake hacheki, akaacha.

"Nilipoanza pale hotelini, msimamizi alifungua droo. Ilikuwa imejaa beji. Akasema wageni hawawezi kutamka majina yenu ya huko mlikotoka, na beji mpya ni gharama, kwa hiyo chagueni humo. Kulikuwa na msichana aliyeacha kazi akaolewa. Yake ndiyo iliyokuwa haijachubuka. Nikaibandika kifuani. Nayo ikipotea unakatwa mshahara." Alisema haya akikunja nepi, pembe kwa pembe. "Baadaye nikataka kitambulisho. Sikuwa na cheti cha kuzaliwa. Wakaniandikia barua ya kazini, na barua ikaandikwa jina la beji. Ndiyo hivyo."

"Ndiyo hivyo?" Binti alikaa wima. "Mama! Cheti changu cha kuzaliwa kina jina hilo. Vyeti vya shule. Cheti cha ndoa! Mimi ni binti wa nani sasa? Binti wa droo?"

"Binti wangu."

"Usinichezee! Baba alijua?"

"Baba yako alinikuta na beji kifuani."

Machozi yalimlenga binti, lakini ya hasira. Mtoto alianza kunung'unika, akambadilisha ziwa bila kumtazama.

"Miaka yote umekaa kimya. Leo ndiyo umeona useme, mkweo keshafika hospitali?"

"Ningekaa kimya mpaka kufa. Sikuwa na taabu nalo. Jina zuri, watu wananiheshimu nalo. Lakini nimekusikia unamwita mtoto hapa, nimeshindwa. Unamwita mtu nisiyemjua, mwanangu. Sijui hata yule msichana aliolewa wapi."

Redio ya jirani ilikuwa inatangaza mpira.

"Na la kwako la kweli ni lipi?" binti aliuliza.

Bibi alilitaja, kwa sauti ndogo kama mtu anayemwonyesha daktari kidonda. Binti hakuwahi kujifunza lugha ya mama yake, ila salamu na matusi mawili.

"Maana yake?"

"Ya jalalani. Kitu kilichotupwa jalalani."

"Mama!"

"Mama yangu alizika watatu kabla yangu. Nilipozaliwa akanifunga kanga, akanilaza jalalani, jirani akapita akajifanya kaniokota, akanirudisha. Ili kifo kikija kiseme hiki si chochote, ni takataka, kipite zake. Shuleni wenzangu walijua maana. Walikuwa wananimwagia maganda." Alivuta pumzi. "Kwa hiyo nilipoiona ile droo sikulia, nilifurahi. Usifikiri nilionewa. Nilifurahi sana."

"Sasa shida nini?"

Bibi alikaa kwenye ukingo wa kitanda. Hili hakuwa amelisema hata kwa mume wake, na yeye alikuwa keshazikwa miaka tisa iliyopita.

"Mwaka wa kwanza mama alikuja mjini kuniona. Safari ya siku mbili. Akafika getini pale hotelini akaniulizia. Mlinzi akatazama orodha, jina hilo halipo. Akamwambia hapa hakuna mtu kama huyo, nenda zako. Sisi tuko ndani tunakula chakula cha mchana. Mlinzi akaja akatusimulia kama kichekesho. Eti kaja bibi wa shamba anamtafuta mtu, akalitaja jina langu, akalivunjavunja mdomoni. Watu wakacheka wakavunjika mbavu." Mikono yake ilitulia juu ya mapaja. "Na mimi nikacheka. Nilicheka ili wasinijue. Nikamaliza sahani yangu, ndipo nikatoka nikakimbia mpaka kituoni. Basi lilikuwa limeondoka. Likizo yangu ya kwanza ilipokuja, nilimkuta keshazikwa."

Binti alimtazama mama yake muda mrefu. Aliona, pengine kwa mara ya kwanza, kwamba mwanamke huyu aliwahi kuwa msichana.

"Sikuombi umpe hilo la jalalani," bibi alisema. "Mpeni jina lolote. Mvua, malkia, kibuyu. Lakini msimwandike la kwenye beji mkasema ndiyo mimi."

Binti alinyakua simu yake, akapiga. Simu ya Kamusi ikalia juu ya meza, karibu na pasi. Wote wawili waliitazama.

"Saa ngapi?"

"Tano na robo."

"Kimbia, Mama! Mimi siwezi, nyuzi bado mbichi. Kimbia! Mwambie aandike lile la mvua, jua baadaye tutalisamehe." Kisha, mama yake akiwa mlangoni, akaongeza kwa haraka: "Lakini lile la jalala, Mama, hapana. Nakuomba. Mwanangu asije akamwagiwa maganda."

*

Mkuu wa dobi wa hoteli kubwa hakimbii barabarani. Hata moto ukizuka chumba cha pasi, yeye hutembea, ili vijana wasipatwe na kiwewe. Siku hiyo alikimbia. Alikimbia na ndala za kuogea, simu ya mkwewe mkononi, kitambaa cha kichwa kimemlegea kikawa kinapepea nyuma yake. Akapita kinyozi, akapita duka la rangi, akapita mafundi wa baiskeli wakamshangilia kwa filimbi. "Bibi, umeiba nini?" mmoja alimuuliza. "Sijaiba, nimeazima!" alijibu bila kusimama, akacheka kwa pumzi iliyokatika, kwa kuwa lilikuwa jibu la kweli kuliko yote aliyotoa kwa miaka mingi. Ndala moja ikatoka. Akairudia, akaivaa, akaivua, akazishika zote mbili mkononi.

Korido ya hospitali ilijaa akina baba. Karani alikuwa mama mnene mwenye miwani ya kusomea, anaandika kwa kalamu ya wino na kila herufi anaipa haki yake. Na mbele ya dirisha, wa kwanza kabisa, ameegemea kaunta na daftari limefunguliwa, ni Kamusi. Alikuwa anamweleza karani habari za lulu.

"Baba!" bibi alipiga ukelele. "Baba, usiandike!"

Korido nzima iligeuka. Akina baba wote, maana wote walikuwa baba.

"Mama? Mtoto ana nini?"

"Mtoto mzima. Jina. Jina si langu!"

Kamusi alitoka kwenye foleni mdomo wazi, na yule wa pili akachukua dirisha bila kuchelewa. Bibi alimvuta pembeni, kwenye benchi la chini ya tangazo la chanjo, akamwambia yote kwa mkupuo mmoja: droo, beji, barua, geti. Kwa sababu alikuwa anahema na korido ina mwangwi, aliwaambia na wengine thelathini. Alipofika kwenye lile jina la kweli alishusha sauti, na maana yake akaisema akitazama vidole vyake vya miguu.

Alitarajia Kamusi anyamaze. Pengine akohoe kwa heshima. Badala yake Kamusi aliruka kutoka kwenye benchi kana kwamba limeshika moto.

"La jalalani? Unasema kweli? La jalalani!" Alikuwa anafungua daftari, kurasa zinakimbia, nyingine zinatoka. "Mama, subiri! Miaka sita natafuta la lugha yenu! Nina ukurasa mzima, tazama!"

Akausukuma mbele yake. Juu alikuwa ameandika kwa herufi kubwa: WA KUKICHENGA KIFO.

"Huyu dereva wa lori, kwa lugha yao jina lake ni 'Nani Anamtaka'. Huyu mama aliyekuja na kadi za kijani, 'Kinyesi cha Mbuzi', na ana duka la vipodozi, watu wanapanga mstari. Huyu 'Tupa'. Huyu 'Mbwa Hamli'. Huyu hapa ni mwanafunzi kutoka nchi ya baridi kali, huko kwenye theluji na farasi, hawajawahi hata kutuona: jina lake 'Si Mtu'! Na mjomba wake 'Hana Jina'! Lugha ngapi hizi, Mama? Hesabu. Kumi na moja. Watu hawajakutana, hawajasalimiana, na wote wamewaza kitu kimoja."

"Wamewaza nini?" aliuliza baba mmoja kwenye foleni aliyekuwa hajifichi tena kwamba anasikiliza.

"Wamewaza huyu asiende!" Sauti ya Kamusi ilipasuka. "Hakuna hata mmoja kwenye ukurasa huu aliyeitwa hivi kwa kuchukiwa. Nimewauliza wote. Kila mmoja kazaliwa baada ya makaburi ya ndugu zake. Mtu akiwa na watoto wake salama, anawaita lulu, malkia, ua. Mtu aliyechoka kuzika ndiye anayesema takataka. Mama, kwenye madaftari yangu yote manne, hakuna mtoto aliyetakiwa kuliko nyinyi."

Hadithi ya jalala alikuwa anaijua tangu ananyonya, aliisimulia mwenyewe nusu saa iliyopita, na katika miaka yote hiyo aliona maganda tu. Sasa, kwenye benchi la hospitali, alimwona mama yake: msichana mdogo pengine, mdogo kuliko huyu msusi aliyemwacha kitandani, anamlaza mtoto kwenye majivu na kurudi nyuma hatua tano, anahesabu pumzi mpaka jirani apite. Akalia kwa sauti, mbele za watu, bila kujifunika uso.

"Tuandike hilo!" Kamusi alisema.

"Mwenzako kakataa. Anaogopa maganda."

"Mpigie."

Bibi alipiga kwa simu ya mkwewe, akaiweka sauti ya wazi kwa bahati mbaya, na hakujua namna ya kuiondoa.

"Umemwahi?" sauti ya binti ilijaa korido.

"Nimemwahi. Bado hajaandika."

"Mke wangu, sikiliza, nina ukurasa mzima..." Kamusi alianza, akamweleza, akaruka, akarudi, akamsomea lugha zote kumi na moja na ile ya kwenye theluji. Upande wa pili mtoto tu ndiye aliyesikika, anapumua karibu na simu.

"Ndugu," karani aliita dirishani, "imebaki robo saa. Saa sita kitabu kinafungwa, hata mkilia."

"Mwacheni afikiri, mama!" baba mmoja alimjibu. "Mimi wangu wanne wote wana majina ya wachezaji, sikufikiri hata mara moja, na sasa najuta."

"La mvua zuri," mwingine alisema.

"Wewe umeulizwa?"

"Mama," binti alisema hatimaye. Korido ikanyamaza. "Bibi yangu alipofika pale getini. Alikuulizia kwa jina hilo?"

"Hilo hilo. Hakujua jingine."

"Na hakuna aliyeitika."

"Hakuna."

Mtoto alipiga chafya ndogo, na mtu mmoja kwenye foleni akasema "kua" kwa mazoea.

"Wakimmwagia maganda," binti alisema, "nitakwenda shuleni kwao mwenyewe na wembe wangu, nitawanyoa wote. Mwandikeni."

Foleni ililipuka kwa makofi. Yule aliyekuwa dirishani alirudi nyuma mwenyewe, akampa Kamusi nafasi yake.

*

Karani aliitazama fomu juu ya miwani. "Mmekubaliana? Kalamu yangu haifutiki."

"Tumekubaliana."

"Naandika nini?"

Kamusi alimgeukia mkwewe. Hakulitaja yeye, japo alikuwa keshalinakili daftarini mara mbili. Bibi alisogea kwenye dirisha, ndala bado mkononi, akalitaja. Karani akamwambia aseme kwa sauti, feni inapiga kelele. Akasema kwa sauti. Kalamu ikaanza kutembea, taratibu, herufi kwa herufi, na bibi akawa anaifuata kwa midomo, maana hakuwahi kuliona jina lake limeandikwa kwenye hati yoyote.

"Kakaeni," karani alisema. "Cheti kikishapigwa muhuri nitaita."

Walikaa. Kamusi hakuweza kukaa. Alikuwa keshamkamata yule baba wa wachezaji na kumuuliza jina lake limetoka lugha gani. Bibi alivaa ndala zake, akafunga kitambaa vizuri, akainyoosha sketi kwa viganja ingawa hakuna kiganja kinachoweza kazi ya pasi. Alifikiria likizo ikiisha. Atakwenda kwa msimamizi wa sasa, kijana mdogo anayemwamkia, ataiweka ile beji mezani na kumwambia amtengenezee nyingine, hata kama watamkata mshahara. Wageni watahangaika kulitamka. Wahangaike, kwani yeye hakujifunza majina yao?

Watu walipungua. Saa ya ukutani iligonga sita, karani akafunga kitabu kikubwa, akachukua kijikaratasi kilichopigwa muhuri, akakipulizia wino ukauke. Kisha akainua uso na kuita jina lililoandikwa juu yake, kwa sauti kavu ya kazi, kama alivyoita mengine yote tangu asubuhi.

"Abee!"

Lilimtoka kabla hajafikiri. Alikuwa amesimama wima, mikono mbele, kama msichana aliyeitwa na mama yake kutoka nje.

Akina baba waliobaki waliangua kicheko. Hata karani alitabasamu, akashusha miwani.

"Bibi, sijakuita wewe. Nimemwita mtoto."

"Najua, mwanangu," alisema, na machozi yakamteremka tena huku anacheka nao. "Lakini niache tu. Niache niitike."